Vipande Kumi na Viwili vya Mzee Kivuli

Ijumaa hii, tarehe 30 Septemba, saa kumi kamili jioni, kituo chetu kitaagana na mtu aliyekaa juani kuliko mtu yeyote ninayemfahamu, na ambaye hata hivyo sote tunamwita Mzee Kivuli. Ametumikia miaka thelathini na minne na miezi miwili, yote katika kiwanja kimoja nyuma ya jengo moja, akiangalia vitu vinavyochakaa. Wageni wakimuuliza kazi yake ni nini, hujibu, "Naangalia vitu vinavyozeeka." Kisha humtazama mgeni usoni kwa makini zaidi kidogo kuliko inavyopendeza.

Nimepewa kuandika wasifu huu kwa sababu mbili. Ya kwanza, mimi ni msaidizi wake wa kiwanjani, mwaka wa tatu sasa. Ya pili, kwa maneno ya mtunza stoo wetu, "Huyu ameolewa juzi tu, bado anawapenda watu wote, hawezi kumsema mtu vibaya." Ni kweli nina furaha, sitaficha. Ijumaa hii itakuwa miezi miwili na siku ishirini na moja, na bado nikisikia mlango wa nyumbani unafunguliwa moyo unaruka. Lakini mtunza stoo amekosea jambo moja. Yupo mtu nitakayemsema vibaya humu ndani, na naomba msome mpaka mfike kwake, kwa sababu ndiye aliyefanya vile vipande kumi na viwili vya plastiki ya matangi visishushwe Jumatano hii na mikono iliyovingoja miaka kumi.

Kwanza niwaeleze wenzetu wa ofisi za mbele, ambao hamjawahi kufika kiwanjani kwa sababu ya viatu vyenu vizuri. Kule nyuma kuna mistari sita ya fremu zilizoinamishwa kuelekea jua, kama meza ambazo mtu amezikata miguu ya mbele. Juu ya fremu hizo tunabana vipande vya plastiki, mbao zilizopakwa rangi, mpira, turubai na vioo vya plastiki, kila kimoja ukubwa wa daftari la shule. Tunaviacha. Jua liviunguze, mvua ivipige, umande uvilowanishe, vumbi livikalie. Vingine hukaa mwaka mmoja, vingine miwili, vitano, au kumi. Kila miezi mitatu tunavitoa kimoja kimoja, tunapima rangi na mng'ao, tunatafuta nyufa, tunavifuta kwa kitambaa cheusi kuona kama vinatoa unga, kisha tunavirudisha mahali pake. Kila kipande kina pacha wake aliyelala kabatini gizani, ambaye hajawahi kuliona jua, ili siku ya mwisho tuwaweke pamoja mezani tuone nani amezeeka na kwa kiasi gani. Namba ya kipande huchongwa nyuma, kwa sababu ikichongwa mbele jua linaila.

Hayo ndiyo maisha ya Mzee Kivuli. Jina hilo hakupewa na wazazi wake. Alilipata kwa sababu hakuna kitu anachokichukia duniani kama kivuli cha mtu kuangukia kipande chake. Siku moja Mkuu wa kituo alileta wageni wakubwa, na mmoja wao, mtu mwenye mwili wake, akasimama kuelezewa habari za mstari wa pili. Mzee alivumilia kama dakika moja. Kisha akasema kwa heshima zote, "Samahani mheshimiwa, umenizibia jua." Mgeni alisogea haraka, na wenzangu wanaapa kwamba aliiomba radhi plastiki.

Mlinzi naye aliwahi kuanika shati kwenye ncha ya fremu, robo saa tu. Liko katika daftari la mwaka ule, mwaka wa kumi na tisa wa utumishi wake, kwa mwandiko ulionyooka: "Saa tatu na dakika kumi hadi saa tatu na dakika ishirini na tano, shati la mlinzi, jeupe, mikono mirefu." Mlinzi anasema alisikia aibu zaidi kwa ile mikono mirefu.

Alianza hapa akiwa na miaka ishirini na sita, kibarua wa kufyeka majani. Wiki yake ya kwanza mvua kubwa ilinyesha wakati mafundi wako ndani. Yeye, kwa roho yake nzuri, aliona watu wamesahau mali yao nje. Akavitoa vipande sabini kwenye fremu, akavibeba kwa safari nane mpaka chini ya bati, akavipanga vizuri, akavifuta maji kwa shati lake. Kisha akaenda kugonga mlango wa Mkuu wa wakati ule apate asante. Mkuu yule alikaa, akasimama, akakaa tena, mwisho akamwambia, "Kijana, wewe ama nikufukuze ama nikufundishe." Akafundishwa. Kibarua hakuwa na nafasi ya kuandika kwenye daftari, kwa hiyo kosa la vipande sabini vile liliingia katika kumbukumbu za kituo kama "mvua".

Tangu hapo alipanda ngazi moja moja mpaka akawa fundi wa kiwanja, na kwa miaka ishirini na mitatu hakuna kipande kilichopanda au kushuka kwenye fremu bila sahihi yake. Wengi mnakumbuka ilipoletwa mashine ya taa, kabati kubwa linalomulika vipande mchana na usiku na kuvinyunyizia maji ili vizeeke kwa haraka. Sote tulidhani kiwanja kitakufa. Mzee hakugombana na mashine. Alikuwa akienda kuitazama kila asubuhi, mikono nyuma, kama mtu anayemwangalia mkwe mpya. Kisha ikaja rangi ya milango iliyokaa kwenye mashine siku arobaini ikatoka haina hata alama, na vyeti vikaanza kuandikwa. Yeye akaomba wasubiri. Kiwanjani, rangi ileile ilianza kutokwa na madoa mwaka wa pili, na madoa yale yalitokana na kinyesi cha ndege. Ripoti yake ilikuwa na sentensi moja tu ya maelezo: "Mashine haina ndege." Rangi ilirudishwa kiwandani ikachanganywa upya, na nasikia mafundi wa kiwandani waliibandika sentensi ile ukutani.

Nyumbani kwake mambo hayako tofauti. Mkewe ni mshonaji, mama mcheshi kuliko wote niliowahi kukutana nao, na yeye ndiye aliyenisimulia habari za pazia. Walipohamia nyumba yao alishona pazia la sebuleni, kitambaa cha buluu alichokitafuta miezi mitatu. Baada ya wiki akaona pindo limepungua upande mmoja. Akadhani amekata vibaya, akajilaumu, akalishona upya. Miaka sita baadaye, akitafuta cheti cha mtoto katika sanduku la karatasi, akakuta bahasha, ndani yake kiutepe cha kitambaa cha buluu iliyokolea kabisa, kina tarehe na neno "pacha".

"Nilikaa kitandani nikacheka mpaka machozi," aliniambia. "Halafu nikashika pacha nikaenda naye sebuleni, nikamweka kwenye pazia. Mwanangu, pazia lilikuwa limekuwa la kijivu na mimi sikujua. Nilimwambia, wewe baba, na mimi umenikata pindo ukaniweka kwenye bahasha?"

Nilimuuliza mzee alijibu nini. Mkewe akasema alijibu kwamba kwa upande wa mkewe hakuona haja, kwa vile rangi yake haijabadilika. Mimi ni mtu niliyeolewa juzi, nisameheni, lakini sentensi hiyo niliiandika nyuma ya daftari langu na nimemsomea mume wangu mara mbili.

Na mume wangu pia ni kazi ya Mzee Kivuli, ingawa mwenyewe anakana. Mwaka jana kipima jua kiliharibika, kile chombo chenye kuba la kioo juu ya nguzo kinachojumlisha jua la siku nzima, na akaitwa fundi umeme kutoka mjini. Aliingia kiwanjani saa nne asubuhi na mkoba wake, na kila aliposimama kivuli chake kiliangukia mstari fulani. Mzee alimsogeza huku, akamsogeza kule, mwisho akamwonyesha kidole: "Kijana, simama pale. Usitoke mpaka nimalize." Pale palikuwa mlangoni pa chumba chetu kidogo, hatua moja kutoka kwenye meza yangu. Alisimama dakika arobaini. Hatukuwa na la kufanya ila kutazamana. Mwezi uliofuata alirudi mara nne kukiangalia kipima jua, na mara zote nne Mzee aliandika katika daftari bila kupepesa macho: "Kipima jua kimekaguliwa tena. Kizima kama mara iliyopita."

Sasa niwapeleke kwenye mstari wa nne.

Miaka kumi iliyopita kiwanda kimoja kinachotengeneza matangi ya maji kiliomba kujua kama plastiki yake itastahimili miaka kumi juu ya mapaa ya shule na zahanati. Mzee alipandisha vipande arobaini na vinane. Kila mwaka vichache vilishushwa vikavunjwa kwenye mashine ya kuvuta ili kupima nguvu iliyobaki, na hesabu ikabaki vipande kumi na viwili, vya mwisho, vya miaka kumi. Mwaka ule alipovipandisha alipiga hesabu ya kustaafu kwake na akachagua tarehe 28 Septemba makusudi, ili vimalize siku mbili kabla yake. Mimi nilichagua tarehe ya harusi yangu kwa kalenda tatu na shangazi wawili, lakini sikuichagua kwa makini kiasi hicho. Alikuwa akiniambia mara kwa mara jinsi itakavyokuwa: "Nitavishusha, nitaviweka mezani na pacha wao, nitaandika, nitanawa mikono, nitakwenda nyumbani." Alikuwa anayasema kama mtu anayehesabu shanga. Katika miaka thelathini na minne, majaribio yote marefu aliyoyaanzisha yalimalizwa wakati yeye yuko kwenye kazi nyingine, au mteja aliyakatisha njiani. Hili lingekuwa la kwanza kulianza na kulimaliza kwa mikono yake mwenyewe.

Ukaguzi wa mwisho kabla ya kushusha ulikuwa Jumatano, tarehe 29 Juni. Kesho yake Mzee alikuwa anaanza likizo ya wiki mbili na siku mbili, likizo ya kwanza ndefu katika miaka tisa, ambayo mkewe aliipigania kwa Mkuu moja kwa moja. Kesho yake mimi pia nilikuwa naanza likizo ya harusi. Tulipima pamoja asubuhi nzima. Mchana aliitwa ofisini kutia sahihi karatasi za likizo, akaniachia kurudisha vipande kumi na viwili kwenye fremu.

Hapa ndipo anapoingia yule mtu niliyewaahidi. Ni mimi.

Nilikuwa nimetoka kabatini kulaza pacha. Kabatini vipande hulala namba juu, ili mtu avione bila kuvigusa. Kwenye fremu huwekwa namba chini. Hiyo ndiyo tofauti yote, na kibarua wa wiki ya kwanza anaijua. Mimi, kichwa changu kiko kwenye viatu vya harusi vilivyokuwa bado kwa fundi, nilivipanga kumi na viwili namba juu, mgongo kwenye jua, nikavibana vizuri kabisa. Na niseme yote: nilirudi nyuma hatua mbili nikavitazama. Plastiki iliyokaa nje miaka tisa na miezi tisa huwa imefifia na inatoa unga ukiigusa. Hivi vilikuwa vinang'aa. Niliwaza, jamani, vimependeza. Siku hizo kila nilichokitazama kilikuwa kinang'aa, sikushtuka.

Mzee alitoka ofisini saa kumi kasoro. Mkewe alikuwa ameshasimama getini na mabegi mawili, anamwita. Alitia sahihi kwenye daftari, chini ya neno "Nimehakiki", bila kwenda kuangalia mstari wa nne. Hakuwahi kufanya hivyo kabla. Alifanya hivyo kwa sababu nilikuwa nimevipanga mimi.

Harusi ilikuwa Jumamosi, tarehe 9 Julai, na Mzee alikuja na suti. Kabla hajawasalimu wakwe zangu alizunguka upande wa jua wa hema, akatoa leso nyeusi, akalisugua turubai, akaitazama leso, akamwambia mkewe, "Hili lina miaka mitatu juani. Tukae upande wa pili."

"Baba watoto," mkewe alimjibu mbele ya watu, "umekuja harusini au umekuja kazini?"

"Nimekuja harusini," akasema, "ndiyo maana sitaki limdondokee bibi harusi."

Walikaa upande wa pili, na mimi nilicheza siku nzima bila kujua kwamba wakati ule ule kule kiwanjani mgongo wa vipande kumi na viwili unaota jua.

Mtunza stoo ndiye aliyekuwa akisoma kipima jua tulipokuwa likizo. Aliviona vinang'aa, na anasema alidhani tumeviosha kwa ajili ya sherehe ya kustaafu.

Mzee alirudi Jumatatu, tarehe 18 Julai. Mlinzi anasema alisimama getini tu, hajaingia, akautazama mstari wa nne kutoka mbali, akaliweka begi lake chini. Hakukimbia. Alitembea mpaka pale, akaangalia saa, akavigeuza kimoja kimoja, akaingia ndani akaandika. Nimeisoma mara nyingi sana, naijua kwa moyo: "Saa moja na dakika tano asubuhi. Vipande 1 hadi 12, mstari wa nne, vimekutwa vimegeuka tangu ukaguzi wa 29 Juni. Siku kumi na tisa. Kosa letu. Vimerudishwa."

Kisha akaenda kwa Mkuu. Mkuu wetu ni mtu mwema, na mteja alikuwa ameshaalikwa kwa tarehe 28 Septemba.

"Siku kumi na tisa ndani ya miaka kumi ni nini, mzee wangu?" Mkuu alimuuliza.

"Ni siku kumi na tisa."

"Basi ongeza kumi na tisa. Utakuwa umestaafu, lakini tutajua la kufanya."

Mzee akasema haziwezi kuwa kumi na tisa. Jua la Julai lilikuwa la kiangazi, mbingu kavu, na jua la Oktoba lina mawingu. Kinachodaiwa ni jua, si tarehe. Alifungua daftari la kipima jua, akajumlisha zile siku moja moja, akalinganisha na Oktoba za miaka tisa iliyopita. Akapata siku ishirini na sita. Vipande vitashuka Oktoba tarehe 24, na mawingu yakizidi, baadaye kidogo. Mkuu anasema Mzee alilifunga daftari taratibu, akasema, "Ni sawa," na kwamba ile "ni sawa" ilimfanya yeye asimame aende dirishani.

Niliporudi kazini Agosti mosi, mambo yalikuwa yameshasambaa, na yalikuwa yamesambaa vibaya. Sahihi ya ukaguzi ilikuwa yake. Kila mtu akaamini kwamba Mzee, kichwa chake kikiwa kimeshatangulia likizo, ndiye aliyegeuza vipande. Mtunza stoo alikuwa amembandikia mshale kwenye kiti chake, umeandikwa "upande wa kukalia". Mpishi wa chai alikuwa akimletea kikombe na kumuuliza, "Mzee, huku ndiyo juu, eeh?" Naye alicheka nao wote, akautumia mshale ule kupimia gundi yake itadumu siku ngapi. Nikajua pia kwamba kulikuwa na ngao ya mbao iliyoagizwa mwezi Juni, imechongwa "Miaka thelathini na minne, hakuna kosa hata moja katika daftari", na kwamba Mkuu alilazimika kuagiza nyingine. Ya kwanza iko stoo, imefungwa kwa gazeti.

Nilimfuata nyuma ya mstari wa sita, nikamwambia, baba, ni mimi, nakwenda kwa Mkuu sasa hivi. Akaniambia nisogee kwanza, kivuli changu kiko kwenye mpira wa mteja. Nikasogea. Kisha akasema, "Daftari haliulizi nani. Linauliza siku ngapi. Siku tumeziandika. Nenda kapime mng'ao wa mstari wa tano."

Nilimng'ang'ania kuhusu ngao. Akasema ile ya kwanza ingekuwa ya uongo hata kama Mkuu asingeibadilisha, kwa sababu alitia sahihi bila kuangalia, na hilo si langu, ni lake. Ya pili imeandikwa "Kwa utumishi wa muda mrefu", na muda mrefu ni kweli.

Kwa hiyo sitaomba ngao ibadilishwe. Ninachoomba ni hiki: kuanzia Jumatatu mishale yote ihamie kwenye kiti changu, na mpishi wa chai aniulize mimi juu ni wapi. Nimemwambia mume wangu, amecheka, amesema atanibandikia mmoja nyumbani. Mkuu naye nimemwambia kabla ya kuandika haya. Akasema, "Nilikuwa najiuliza utasema lini."

Limebaki jambo moja, nalo ndilo lililonifanya niandike Jumapili nzima, mchana na usiku. Wiki iliyopita Mkuu alimwita Mzee akampa mkataba wa mwezi mmoja, umeshapigwa mhuri, ili abaki hadi vipande vishuke. Sote tulifurahi. Mtunza stoo alianza kuahirisha keki. Mzee aliusoma mkataba mpaka mwisho, akaukunja, akaurudisha. Alisema amemwahidi mkewe safari ya kwenda kumwona mjukuu, na ahadi hiyo ina umri wa miezi miwili sasa, umri wa mjukuu mwenyewe.

Nilidhani ni hilo tu. Jioni tulipokuwa tunafunika vyombo nilimwambia, baba, umevingoja miaka kumi, ni wiki tatu na ushee tu, mjukuu hatakimbia. Aliendelea kukunja kitambaa. Kisha akasema maneno ambayo hayamo katika daftari, ndiyo maana nayaweka hapa.

"Nikivishusha mimi, binti, wewe utabaki kuwa mtu aliyevigeuza. Ukivishusha wewe, utakuwa mtu aliyevimaliza. Mimi nina majaribio mengi nyuma yangu. Wewe una hilo."

Yeye akaniambia nisilie karibu na kipima mng'ao, maji ya chumvi yanaharibu kioo.

Mzee wetu, kwa niaba ya mafundi, ofisi za mbele, stoo, geti na jiko, asante kwa miaka thelathini na minne na miezi miwili. Asante kwa shule na zahanati ambazo hazijui kwamba maji yao yamewekwa salama na mtu mwenye kofia pana na leso nyeusi. Asante kwa kunifundisha kazi, na kwa kumsimamisha yule kijana pale ulipomsimamisha. Mama, asante kwa kutuazima mume wako muda wote huu. Tunakurudishia akiwa na rangi yake.

Nawe baba, uliniachia sharti moja kuhusu tarehe 24 Oktoba. Umesema nisikupigie simu kabla ya kupima, nisikupigie katikati, nisikuulize chochote, kwa sababu ukisikia sauti yangu utatamani vipande viwe vizuri, na mimi nitakusikia unatamani, na mkono wangu utatamani pia. Nimekubali. Nitavishusha asubuhi, nitaviweka mezani na pacha wao, nitaandika kile nitakachokiona, hata kama ni kibaya. Nitatia sahihi baada ya kuangalia. Nitanawa mikono. Na nikishafunga daftari, simu ya kwanza ni yako, popote utakapokuwa na mjukuu mkononi.

Kapumzike vizuri, baba. Uishi siku nyingi, zote njema, na siku hiyo ya Oktoba usiiache simu mbali.